Kisima cha kikundi: bure au kwa kulipa?

Dada, umeuliza kama maji ya kisima chenu cha Likoni yawe bure, maana wajane hawana cha kulipia mtungi na pampu nayo imekufa. Bure kwa wote, hapana. Ikiharibika tena fundi atalipwa na nani? Wekeni bei ndogo kwa mtungi wa lita 20, kisha mkubaliane barazani nani achote bila kulipa. Mkifanya kwa siri, fitina haziishi. Pesa zikae benki, watia saini watatu, mmoja awe mama anayechota mwenyewe (wanaume wa kamati hata foleni hawaijui). Na pampu msiiendeshe kutwa: karibu na bahari, kisima kikivutwa mno huingia chumvi, na ikishaingia haitoki upesi.