Maswali yenu: shoo za paki za burudani na densi ya filamu

Tangu niseme kwamba nilianzia animesheni za hoteli, yaani kuwachezea na kuwachangamsha wageni, hapa Malindi, nikaenda kutengeneza shoo za paki za burudani huko Ghuba na sasa nasomea densi ya filamu, meseji haziishi. Leo najibu chache.

*Dada, mi ni animeta Watamu, usiku tunapiga sarakasi na ngoma za Kigiriama. Naweza kuingia paki kubwa kama Disneyland?*

Unaweza, na usijidharau. Disneyland ya California ilifunguliwa 1955 na mpaka leo paki zote zina kibarua kilekile, mtazamaji hajakaa kitini kama thieta, anapita zake na mtoto begani na aiskrimu mkononi, una sekunde chache tu za kumsimamisha. Sasa wewe mgeni wako ameshinda juani, amekula ameshiba, macho yanafumba, na bado unamtoa kwa kiti anacheza, hiyo ni skuli tosha. Kitakachokushangaza ni kurudia. Shoo ya nusu saa inapigwa mara kadhaa kwa siku, muziki umesharekodiwa, taa na moshi na fataki vyote vimefungwa kwa muziki huohuo, ukichelewa hatua moja lile jukwaa la kupanda halikungoji, linapanda bila wewe. Ndio manake sisi tunaotengeneza tunaandika kila kitu, nani asimame wapi kwenye hesabu ya ngapi, ili huyu akiumwa mwengine aingie na watu wasijue. Hotelini ukiteleza unatia kichekesho mambo yanaenda, kule hata kichekesho kimeandikwa. Jirekodi shoo nzima bila kukata. Mimi nikitafuta mtu, video iliyokatwakatwa siimalizi.

*Wale wanaovaa vichwa vikubwa vya katuni hawafi na joto?*

Joto lipo, tena kali. Wanatoka kwa zamu fupi na kuna mtu wa kuwaongoza manake ndani ya kile kichwa huoni vizuri. Usiniulize mshahara.

*Anti shikamoo. Tukicheza kirumbizi, ngoma yetu ya fimbo, hapa uwanja wa Mkunguni, Lamu, watu wanajaa mpaka njia hazipitiki, lakini nikitazama video tumepoa kabisa. Mbona?*

Marahaba mwanangu. Hapo ndipo pananikosesha usingizi hata mimi. Pale Mkunguni mtu amebanwa na wenzake, zumari iko sikioni, fimbo ikipita anarudi nyuma asipigwe. Simu haina mwili wa kuogopa fimbo, kwa hivyo lazima uitafutie kitu kingine. Wakubwa wa densi ya filamu walitafuta kila mtu kivyake. Fred Astaire miaka ya 1930 alishikilia aonekane kichwa mpaka kidole cha mguu, na picha isikatwe ovyo. Busby Berkeley yeye alikuwa ameongoza gwaride za wanajeshi wakati wa vita vya kwanza vya dunia, akapandisha kamera juu darini na wachezaji wakawa kama ua linalofunguka. Halafu Maya Deren, 1945, mchezaji anainua mguu msituni anaushusha ndani ya nyumba, kitu ambacho jukwaani hata ulie hukipati! Kwenu nyinyi ningeshusha simu usawa wa magoti, miguu yote ionekane na mchanga ukiruka, na ile fimbo ikigonga usikate hapo, kata kabla haijafika.

*Binti yangu kamaliza fomu foo, ati anataka kusomea densi ya filamu. Si ni kutazama sinema tu hiyo?*

Mzee wangu, kwa heshima, wangapi hapa Malindi wamecheza nyimbo za Kihindi harusini bila kujua neno la Kihindi? Zile stepu zina wenyewe. Saroj Khan alizipanga miaka na miaka, na Filmfare, wale watoa tuzo za sinema za Kihindi, walikuwa hawana hata tuzo ya kazi hiyo mpaka alipopanga densi za Tezaab, filamu ya 1988, ndiye akawa wa kwanza kupewa. Kusoma kwenyewe ni kuzima sauti, kuhesabu picha inakatwa mara ngapi, kisha kurudia ukiwatazama wale wa nyuma tu, usimwangalie staa. Inachosha, sikufichi. Mwache asome, ila ajue na kushika kamera na kuediti, mpangaji stepu peke yake hapa pwani atakaa sana bila kazi.

*Kwa nini huweki goma la Maulidi kwenye shoo zako?*

Nimeombwa, tena kwa pesa nzuri. Chakacha nimepeleka, kirumbizi nimepeleka. Lakini goma, wale wanaume wamepanga safu na bakora zao pale msikiti wa Riyadha, Lamu, wanayumba polepole, hakuna hata mmoja anayekuchezea wewe mtazamaji. Paki inataka dakika tatu na makofi mwisho, utakata wapi? Nimekataa na nitazidi kukataa, wanaolitaka waje Lamu Mfungo Sita, mwezi wa Maulidi, boti za kuvukia ziko Mokowe.