Ule mkanda wa juu ya kabati

Mwanangu mpendwa,

Umeniuliza kama uache mshahara wa benki uende kupiga filamu kwenye matamasha. Kwanza nikuulize mimi: chemko la wimbo, pale muziki unapokaza, unalisikia kabla halijafika? Maana kamera hupigwa kwa masikio. Najua, mmechoka kunisikia tangu tuko Ilala.

Ule mkanda wa juu ya kabati, ambao mama yako hataki niutupe wala niutazame, ni wa usiku wa dansi Kariakoo, 1997. Kamera begani, hedifoni masikioni, mzee wa tarumbeta hatua tatu mbele yangu. Dramu zikabadilika, gita la solo likakaza. Nikaona mashavu yanajaa. Hedifoni ikapiga kelele: “Mgeni rasmi anaingia, mgeukie!” Nikageuka.

Miezi michache baadaye mzee akatangulia mbele ya haki, mkewe akaja kuomba auone ule mkanda. Tarumbeta inasikika, tamu ajabu. Picha ni mheshimiwa anapangusa kiti kwa leso. Mama wa watu akatazama mpaka mwisho, akasema ahsante, akachukua mkoba wake.

Ndipo nikaja kusoma habari za László Kovács, alipokuwa mmoja wa wapiga picha wa The Last Waltz, filamu ya tamasha la muziki kule San Francisco, Novemba 1976. Kamera zilikuwa za milimita 35, na rola ya futi 1,000 huisha kwa dakika 11 hivi, kwa hiyo lazima uzime ubadilishe. Mwimbaji wa bluzi, Muddy Waters, anaanza “Mannish Boy”, wapiga picha wengine wamezima. Kovács alishavua hedifoni, kachoshwa na maelekezo ya mwongozaji, Scorsese. Amri ya kuzima haikumfikia. Wimbo ukapona kwa kamera yake.

Sasa nikufundishe ukaidi? Hapana. Aliyenilipa alitaka mgeni rasmi, hakutaka tarumbeta, na ada zenu zimetoka kwenye utii huohuo. Kovács naye, angekosea usiku ule, nani angemsifu? Lakini masikio, mama. Masikio yalishaniambia.

Kuhusu benki, ulimi unaniwasha kweli. Nikisema, kesho mambo yakienda kombo itakuwa baba ndiye aliyesema. Hata hivyo… basi, naacha.

Njoo Jumapili tuutazame. Pitia kwa mjomba wako uchukue deki, yetu inakula mikanda.

Baba yako