Hesabuni mabomba, msihesabu sensa

Wadogo zangu, juzi nimefungua paneli ya boila, mtungi wetu wa kuzalisha mvuke, nikakuta jampa, yaani waya wa kuiruka swichi, kwenye swichi ya maji pungufu. Kuuliza, nikajibiwa: "Injinia, ilikuwa inatripu ovyo, inazima moto bila sababu, na ya pili ipo." Maneno hayohayo niliyasema mimi mwaka wangu wa kwanza kazini.

1. Kinachotripu kina sababu. Itafute kabla hujashika bisibisi.

2. "Ya pili ipo." Hapa nisikilizeni. Ilikuwa msimu wa alizeti, hapahapa Dodoma, magunia yamejaa hadi getini. Sensa ya kwanza ya maji inazima feni na mkanda wa maganda ya kuwashia tanuru kila tukipata mvuke. Nikatazama gioo, kile kioo cha kuonyesha kimo cha maji ya boila: maji nusu. Sensa ya pili: kimya. Mashahidi wawili kwa mmoja, nikamhukumu yule mmoja. Nikaweka waya, nikajiambia ni wa shifti hii tu, wala sikuuandika kwenye daftari la zamu.

Kumbe gioo na sensa ya pili vinachota bomba moja, na maji yetu ya visima mnayajua chumvi yake. Bomba hilo, la chini, lilikuwa limeziba kwa ukoko. Mle kwenye gioo maji yametulia nusu, boila lenyewe linakauka. Pampu ilikuwa imechoka, na sensa niliyoifunga mdomo ndiyo pekee iliyosema kweli. Alfajiri mrija ukapasuka, mvuke ukamkuta kijana wa zamu mbele ya mlango wa tanuru. Mkono wake wa kulia una kovu mpaka leo. Nilikwenda kwa mama yake Chamwino kumpa pole, nikashindwa kumwambia waya ule ni wangu. Nilirudi wiki iliyofuata ndipo nikasema. Alinyamaza muda mrefu, kisha akanikaribisha uji.

3. Taa si valvu. Kinu cha nyuklia cha Three Mile Island, Marekani, 1979: taa ilionyesha tu kwamba amri ya kufunga imetolewa, waendeshaji wakaamini valvu imefunga. Ilikaa wazi zaidi ya saa mbili.

4. Kikiharibika, kiangukie upande salama, kama lori: upepo ukiisha, breki za springi zinajifunga.

5. Bloudauni, yaani kufungua koki uchafu utoke, ya gioo na chemba ya sensa kila shifti. Usiandike "imefanyika" kama hukufungua koki! Maji yakipotea kwenye gioo, ua moto. Usiingize maji baridi kwenye boila lililokauka.

Jampa nimeitoa. Kesho saa moja asubuhi njooni na brashi za waya, tunafungua bomba la chini.