Wasomaji Wauliza: Treni ya Chuma Jangwani

SWALI: Mhariri, mimi ni fundi wa magari hapa Kariobangi. Juzi mteja wangu alinionyesha kwenye simu watu waliojifunga vilemba hadi machoni, wameketi juu ya mchanga mweusi katika mabehewa yasiyo na paa, akadai kwamba hao ni abiria wa kawaida nchini Mauritania. Je, ni kweli? Na kwa nini wasipande basi?

JIBU: Ni kweli, ndugu msomaji, ila huo si mchanga bali ni madini ya chuma. Reli hiyo ya kilomita 704 ilianza kazi mwaka 1963 ili kuyafikisha madini ya Zouérat kwenye bandari ya Nouadhibou, na treni moja huweza kuvuta mabehewa zaidi ya 200, msururu wa kilomita 2 na zaidi. Kwa miaka mingi wenyeji wamekuwa wakidandia mabehewa hayo bila kulipa nauli: treni ikielekea bandarini hukaa juu ya madini, na ikirudi bara tupu huingia ndani pamoja na mbuzi na magunia yao. Wewe kama fundi utaelewa adha ya kuondoka, kwani kichwa cha treni kikianza kuvuta, mshtuko hupita kutoka behewa hadi behewa, na aliye nyuma husikia mngurumo ukimjia kabla ya yeye mwenyewe kurushwa.

Kuhusu basi, barabara ya lami kutoka Nouadhibou hushuka kwanza kusini hadi mji mkuu Nouakchott, ndipo mtu apande tena kuelekea mji wa Atar ulio bara, ilhali treni hukata moja kwa moja jangwani hadi Choum, kituo cha reli kilicho karibu na Atar.

Hata hivyo, nauli si jambo kubwa kuliko maji. Vijiji vilivyo kando ya reli hiyo huletewa maji kwa mabehewa ya tangi, kama vile wajenzi wa reli yetu ya kutoka Mombasa walivyoletewa maji walipokuwa wakivuka nyika kavu ya Taru, kabla hata Nairobi haijawa mji. Tofauti ni kwamba wajenzi wetu walipita wakaenda zao, lakini wale wa Mauritania wanaishi papo hapo, kwenye njia iliyojengwa kwa ajili ya chuma wala si kwa ajili yao. Ndiyo maana upepo unapofukia reli kwa mchanga, vibarua wenye makoleo husubiriwa na wengi zaidi ya wenye mgodi.