Maswali ya Wasomaji: Charles Diggs, Mbunge wa Detroit Aliyeitwa Bwana Afrika

SWALI: Mheshimiwa Mhariri, nimewahi kusoma kwamba wakati nchi za kusini mwa Afrika zilipokuwa zikipigania uhuru, alikuwepo mbunge wa Marekani aliyepewa jina la Bwana Afrika, na kwamba baadaye mbunge huyo huyo alifungwa jela. Naomba kufahamishwa alikuwa nani, na kama kweli alitufaa kwa lolote. – Msomaji, Tanga

JIBU: Ndugu msomaji, unayemuulizia ni Charles Diggs, aliyezaliwa Detroit, jimbo la Michigan, tarehe 2 Desemba 1922. Baba yake, ambaye walitumia jina moja, alikuwa na biashara kubwa ya kuandaa mazishi ya Wamarekani weusi. Jambo hilo si dogo, kwa kuwa mtu wa biashara hiyo hakuwa na mwajiri mzungu wa kumfukuza kazi kwa sababu ya siasa zake. Mzee Diggs aliwahi kuwa seneta wa jimbo, akafungwa kwa rushwa, akachaguliwa tena mwaka 1950, lakini wenzake wakakataa kumpa kiti. Kijana akagombea nafasi hiyo ya baba yake, akashinda, na mwaka 1954 akachaguliwa kuingia Baraza la Wawakilishi mjini Washington, akiwa Mmarekani mweusi wa kwanza kuiwakilisha Michigan huko.

Umaarufu wake ulianzia Mississippi. Mwezi Agosti 1955 Emmett Till, mtoto mweusi wa miaka 14 kutoka Chicago aliyekuwa amekwenda kuwatembelea jamaa zake, aliuawa kikatili, na wazungu wawili wakafikishwa mahakamani katika mji mdogo wa Sumner. Diggs alifunga safari kwenda kuisikiliza kesi. Mwandishi wa habari mweusi alipoipeleka ndani kadi ya Diggs ili mbunge huyo aruhusiwe kuingia, askari mmoja hakuamini kwamba mtu mweusi anaweza kuwa mbunge. Hatimaye aliruhusiwa, lakini akaketishwa kwenye meza ndogo ya kuchezea karata waliyotengewa waandishi weusi, huku waandishi wa kizungu wakikaa mbele. Baraza la wazee kumi na wawili wa mahakama, wote wanaume wazungu, lilichukua muda wa saa moja hivi kuwaachia huru washtakiwa. Diggs hakuwa na uwezo wa kuibadilisha hukumu ile. Alichoweza ni kuwaonyesha watu weusi wa Mississippi, ambao wengi wao hawakuruhusiwa hata kupiga kura, kwamba mtu wa rangi yao ana kiti katika Bunge la taifa.

Kuhusu Afrika, alianza mapema. Mwezi Machi 1957 alikuwa katika ujumbe wa Marekani, ulioongozwa na Makamu wa Rais Richard Nixon, katika sherehe za uhuru wa Ghana. Mwaka uliofuata alirudi Accra kuhudhuria Mkutano wa Watu wa Afrika Yote, ule ambao Tom Mboya wa Kenya aliuongoza akiwa na umri wa miaka 28. Mwaka 1959 akaingia katika Kamati ya Mambo ya Nje, na miaka kumi baadaye akawa mwenyekiti wa Kamati Ndogo ya Afrika.

Hapo ndipo penye jibu la swali lako. Ukihesabu sheria alizopitisha kwa faida ya Afrika, utaona ni chache, kwa maana serikali ya Nixon, ambaye sasa alikuwa Rais, haikutaka kuwaudhi Makaburu wala Wareno. Silaha ya Diggs ilikuwa vikao vya kuchukua ushahidi: kuanzia mwaka 1971 kamati yake ilichunguza hadharani biashara za makampuni ya Kimarekani katika Afrika Kusini, na mambo yaliyokuwa yakijadiliwa faraghani yakaingia katika kumbukumbu rasmi za Bunge, ambako wanaharakati wangeweza kuyachota. Aliipinga pia sheria ya mwaka 1971 iliyoruhusu madini ya kromu kutoka Rhodesia (Zimbabwe ya leo) kuingia Marekani ingawa Umoja wa Mataifa ulikuwa umeiwekea nchi hiyo vikwazo. Ruhusa hiyo ilifutwa mwaka 1977. Na Desemba 1971, Marekani ilipoahidi misaada mikubwa kwa Ureno ili iendelee kutumia kituo cha kijeshi katika visiwa vyake vya Azores, Diggs alijiuzulu kutoka ujumbe wa nchi yake katika Umoja wa Mataifa. Ureno hiyo ndiyo iliyokuwa ikipigana na Frelimo, chama cha ukombozi wa Msumbiji kilichokuwa na makao yake Dar es Salaam. Kwa maoni yangu, kujiuzulu kule kulikuwa na uzito kuliko hotuba zake nyingi. Mwaka huo huo alikuwa mwenyekiti wa kwanza wa umoja wa wabunge weusi.

SWALI: Nasikia Diggs alichaguliwa tena baada ya kutiwa hatiani. Sheria yao inaruhusuje jambo hilo? – Msomaji, Mombasa

JIBU: Ni kweli. Oktoba 1978 mahakama ilimtia hatiani kwa makosa 29, kwa kuwa alikuwa akiwaongezea mishahara wafanyakazi wa ofisi yake kisha sehemu ya fedha hizo ikarudi kulipia gharama zake binafsi na za ofisi. Ushahidi ulikuwa mzito, na wanaodai kwamba aliandamwa kwa ajili ya msimamo wake juu ya Afrika wanapaswa kukumbuka kwamba mwaka 1979 Baraza lilimkaripia rasmi kwa kura 414 bila hata moja ya kupinga, wabunge weusi wenzake wakiwemo humo. Hata hivyo, Novemba 1978, akiwa anasubiri adhabu, wapiga kura wa Detroit walimrudisha kwa kura nyingi. Katiba ya Marekani inamtaka mbunge wa Baraza hilo awe na umri wa miaka 25, awe raia kwa miaka saba na awe mkazi wa jimbo linalomchagua. Haisemi lolote kuhusu kutiwa hatiani, na kumfukuza mbunge kunahitaji theluthi mbili ya kura.

Alijiuzulu Juni 1980 rufaa zake zilipogonga mwamba, akatumikia miezi saba ya kifungo cha miaka mitatu. Baada ya hapo alisoma Chuo Kikuu cha Howard, akapata shahada, akafungua nyumba ya mazishi huko Maryland. Alifariki Washington tarehe 24 Agosti 1998.