Historia ya ndui Lamu: anza na vipele, miaka baadaye

Dada, umesema una kanda za mabibi wa mitaa ya Mkomani na Langoni, hapo Lamu, wakisimulia ndui, ila miaka haipatani. Miaka itangoja. Kwanza hakikisha ni ndui kweli, maana huenda ilikuwa tetekuwanga au surua. Muulize bibi vipele vilijaa wapi. Vya ndui hujaa zaidi usoni, mikononi na miguuni, hata viganjani na nyayoni, na vya sehemu moja huiva pamoja. Vya tetekuwanga hujaa kifuani na mgongoni, vibichi vikichanganyika na vilivyokauka.

Usiulize "mwaka gani?" Atakutajia wowote akuridhishe. Uliza kama alikuwa ameshaolewa, na nani nyumbani alikuwa bado ananyonya. Akikupa mwaka wa Hijria, usiongeze tofauti ya leo kati yake na mwaka wa kalenda ya kawaida na kuandika: mwaka wa Hijria una siku 354 au 355, kwa hiyo pengo hubadilika. 1340 ilianza Septemba 1921 ikaisha Agosti 1922, andika 1921/22.

Ripoti za kikoloni, ambazo utazitafuta kwenye nyaraka za taifa Nairobi, zisome kwa jicho kali. Zilihesabu waliojulikana kwa wakubwa. Mgonjwa aliyefichwa ndani hayumo. Idadi ikishuka, pengine kilichopanda ni hofu ya kutengwa. Linganisha na kanda zako kabla ya kusema ugonjwa ulipungua.

Majina ya wagonjwa yafiche, na mtaa pia. Lamu ukitaja mtaa na kazi ya baba, umeshamtaja mtu.