Rula inanepa, boriti je?

SWALI: Shikamoo mhandisi. Nasoma uhandisi ujenzi mwaka wa pili, Dar es Salaam. Fomula za boriti nazikariri zote, lakini jaribio nimepata 9 kwa 40. Nifanyeje?

JIBU: Marahaba mwanangu. Mimi nilipata 7, umenizidi. Laza rula ya plastiki juu ya vitabu viwili, ibonyeze katikati. Sasa isimamishe kwa ubavu. Umeona? Ndiyo maana fundi paa husimamisha ubao wa inchi 2 kwa 6: ukilazwa, kwa mzigo uleule, hunepa mara 9 zaidi. Kwenye fomula ya kunepa, kimo kina kipeo cha tatu, upana hauna. Kisha chora mizigo na egemeo (pale boriti inapokalia) kabla ya kukokotoa. Mimi mchoro niliuruka. Alama za hasi zikanimaliza.